Hakimu atuonyeshe hesabu

Kuna maneno manne ya Kilatini ambayo wajane wa hapa kwetu Katanga wanayajua, hata wale wasiosoma Kilatini: ex aequo et bono. Wanayasikia siku ya hukumu, grefye akisoma mbiombio, watu wakisukumana mlangoni. Maana yake ni kwamba hakimu amepima kwa haki na kwa wema, akaona kiasi fulani kinatosha. Baada ya hapo inakuja namba, na baada ya namba wanaita kesi inayofuata.

Mimi ni mwandishi wa radio, na kazi yangu imenikalisha mara nyingi kwenye mabenchi ya mahakama ya amani, ile tunayoita tribinali ya pe. Kesi za ajali za barabarani ni nyingi kule. Na kitu kimoja kimekuwa kikinisumbua. Ukisoma hukumu ya ajali, unakuta kurasa nzima juu ya mwendo wa gari, breki, perimi ya shofere, upande gani wa barabara, PV ya polisi wa rulaje inasema nini. Vizuri sana. Lakini ukifika pahali pa fidia, unakuta mistari mitatu. Familia imeomba kiasi hiki. Mahakama inaona ombi limezidi. Mahakama inatoa kiasi kile, ex aequo et bono. Kwa nini kile na si nusu yake, au mara mbili yake? Hakuna neno.

Ndugu msomaji, Katiba yetu ya tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha 21, inasema kila hukumu iandikwe na itolewe sababu. Haikusema sababu zitolewe juu ya kosa la shofere peke yake. Fidia nayo ni sehemu ya hukumu. Kwa mtoto aliyebaki yatima, ni sehemu ambayo italisha na kusomesha au haitalisha. Kwa hiyo mawazo yangu ni haya, na nitayasema wazi: hakimu anayetoa kiasi bila kuonyesha amekifikia kwa njia gani, kazi yake ameifanya nusu.

Tuanze na sheria yenyewe, maana wengi wanafikiri fidia ni huruma ya mwenye gari. Si huruma. Kitabu cha tatu cha sheria za kiraia, ambacho kinatoka mbali, tangu 1888, kina vifungu vitatu ambavyo kila mwenye kamyo angepaswa kuvibandika karibu na usukani. Kifungu cha 258: anayemletea mwenzake hasara kwa kosa lake anapaswa kuilipa. Cha 259: hata kama ni kwa uzembe au kutokuangalia. Cha 260: mtu anajibu pia kwa ajili ya wale anaowatumikisha na vitu anavyovilinda. Upande wa jinai, vifungu vya 52 mpaka 54 vya Kodi penale vinaadhibu anayeua au kuumiza bila kukusudia: kuua, kifungo cha miezi 3 mpaka miaka 2, kuumiza, siku 8 mpaka mwaka 1, pamoja na faini.

Familia inaweza kuingia katika kesi ya jinai kama parti sivili, ndiyo upande unaodai kulipwa. Hakimu yule yule anayemhukumu shofere ndiye anayeamua na fidia. Hata kama familia haikuomba chochote, sheria inamruhusu hakimu kutoa fidia yeye mwenyewe. Jambo hili wengi hawalijui, na sitashangaa kama kuna na maavoka wanaolisahau.

Sasa, kifungu cha 260 ndicho muhimu kuliko vyote, na ndicho kinachosahauliwa. Barabara yetu ya Lubumbashi, Likasi na Kolwezi inabeba mali ya dunia: shaba, kobalti, chokaa, asidi. Kamyo si ya shofere. Shofere analipwa mshahara wa mwezi, analala chini ya kamyo Kasumbalesa, na siku ya ajali kama hakufa yeye mwenyewe anakimbia au anafungwa. Familia inamshitaki yeye peke yake kwa sababu sura yake ndiyo waliyoiona. Hukumu inatoka: shofere alipe dola elfu kadhaa. Atazitoa wapi? Mwenye gari hakuitwa mahakamani, asiransi haikuitwa. Ile hukumu ni karatasi ya kuweka ndani ya Biblia.

Mwenye gari aitwe kama mwenye kujibu kwa ajili ya mtumishi wake. Asiransi iitwe nayo. Tangu sheria ya mwaka 1973, kila gari linalotembea barabarani linapaswa kuwa na asiransi ya kulipa watu wengine wanaoumizwa. Zamani ilikuwa SONAS peke yake. Kodi ya asiransi ya Machi 2015 ilifungua soko, na mwaka 2019 kampuni za binafsi zilianza kupewa ruhusa. Kwa hiyo leo haitoshi kuuliza "gari lina asiransi?" Uliza asiransi ya nani, namba gani, inaisha tarehe gani. Ile karatasi iko kwenye kioo cha mbele. Mtu mmoja wa familia, mwenye simu yenye kamera, apige picha ya plake na ya kile kioo kabla gari halijavutwa. Makamyo yanayotoka Dar es Salaam na kupita Zambia, au yanayotoka Afrika Kusini, nayo si magari ya mizimu. Kuna ile karte ya manjano ya COMESA, iliyowekwa ili gari likiumiza mtu katika nchi ya wengine, mtu huyo asikose wa kumlipa. Dai linapitia ofisi ya asiransi ya hapa nchini. Usikubali kuambiwa kwamba mwenye gari yuko ng'ambo na mambo yamekwisha.

Wakubwa wa umri wangu hawajasahau Februari 2019, karibu na Tenke, lori lenye asidi ya kupeleka mgodi wa Mutanda lilipogongana na basi. Watu takriban 20 walikufa, wengine wakaungua na asidi. Siku kama ile dunia nzima inaandika, mashirika yanakuja, kampuni zinaulizwa maswali. Lakini mama mmoja aliyegongwa saa kumi na moja asubuhi akienda kuchukua mboga, nani anaandika juu yake? Ajali zetu nyingi ni za namna hiyo, mtu mmoja mmoja. Na ndizo ambazo zinahukumiwa kwa mistari mitatu.

Nimeongea na mahakimu, si mmoja. Siwezi kusema wote ni wavivu, na sitasema. Jibu lao linafanana: dosye ni tupu. Familia inaomba dola laki moja, halafu ndani ya dosye kuna hati ya kifo na picha ya marehemu. Hakuna kinachoonyesha alikuwa anaingiza nini, alikuwa anamlisha nani, hospitali iligharimu ngapi. Hakimu atajenga hesabu juu ya nini? Hapo wana haki. Avoka anayeandika laki moja bila karatasi hata moja anamtendea mteja wake vibaya. Anampa hakimu ruhusa ya kukata anavyotaka. Wengine wanaandika kiasi kikubwa makusudi, wakijua watakatiwa, kama mtu anayepangia bei ya kiatu sokoni. Hakimu naye anakata kwa mazoea. Ni mchezo wa kupunguziana bei, na kilicho mezani ni mtu aliyekufa.

Lakini jibu la "dosye ni tupu" lina shimo. Mfanyakazi wa serikali au wa mgodi akigongwa, familia inaleta fishi ya mshahara. Namba iko pale, muhuri uko pale, hakimu anapata pa kuanzia. Muuza mahindi, fundi wa viatu, motari, mama wa makala, hao hawana fishi, na ndio wengi katika mji huu. Je, walikuwa hawaingizi kitu? Waliowalisha watoto wao kwa miaka kumi waliwalisha kwa upepo? Tukikubali kwamba asiye na fishi hana mapato, tumekubali kwamba maisha yake yana bei ndogo kuliko ya mwenye fishi. Na hakuna sheria ya Kongo inayosema hivyo.

Ajali ni tukio, na tukio linathibitishwa kwa njia zote: karatasi, mashahidi, chochote chenye ukweli. Mama wa soko ana daftari la likelemba. Kila wiki ametoa kiasi, jina lake limeandikwa, na wenzake kumi na wawili wako hai na wanaweza kuja kusema. Ana tiketi za ushuru wa soko. Ana risiti za shule za watoto wa sekondari. Ana mwenye duka la jumla anayemkopesha gunia, na yule ana daftari lake. Motari ana ule mkataba wa kumpelekea mwenye piki kiasi fulani kila siku; kama anapeleka kila siku bila kukosa, maana yake anaingiza zaidi ya hicho. Vitu hivyo vikiletwa mbele ya hakimu, akavisukuma pembeni na kuandika ex aequo et bono, hapo sasa kosa ni lake.

Tuweke mfano, mtu aone ninachotaka. Tuseme mama aliyekufa alikuwa anabaki na dola 5 kwa siku baada ya kulipa mali, siku 6 kwa wiki. Ni dola 30 kwa wiki. Tuhesabu wiki 50 za kazi: 1.500 kwa mwaka. Tutoe theluthi, kile alichokula na kuvaa yeye mwenyewe: inabaki 1.000 kwa ajili ya nyumba. Mtoto wa mwisho ana miaka 6. Mpaka afike 18 ni miaka 12. Tuko kwenye dola 12.000, na bado hatujagusa gharama za hospitali, sanduku, matanga, wala uchungu, ambao sheria inauita hasara ya moyo na inakubali ulipwe peke yake. Hakimu anaweza kusema hapana, mashahidi walizidisha, zilikuwa dola 3. Anaweza kusema mtoto mkubwa ameshaanza kazi. Sawa. Lakini aandike! Hapo avoka wa pande zote mbili ataona pa kushika, na mahakama ya rufaa itaona kosa liko kwenye mstari gani. Mistari mitatu haina pa kushika. Huwezi kukata rufaa dhidi ya hisia za mtu.

Kuna wanaosema dawa ni jedwali, kila kitu kiwe na bei iliyopangwa. Ng'ambo ya mto, Congo-Brazzaville, na vilevile Kameruni na Gabon, wanafuata kodi ya CIMA, ambayo inapiga hesabu kwa umri, mapato na mshahara wa chini wa nchi. Faida yake naiona: mtu wa kijijini na mtu wa mjini wanapimwa kwa mizani moja, na asiransi haiwezi kuzungusha watu miaka. Lakini naogopa. Mshahara wa chini katika nchi zetu unaamuliwa na serikali, unaweza kulala miaka mingi bila kuamshwa wakati bei ya unga haijalala hata siku moja. Jedwali linalosimama juu ya kitu kama hicho linaweza kuwa na ubahili ulioandikwa kwa wino. Mimi ningependelea hakimu abaki na uhuru wake, lakini uhuru wenye penseli na karatasi. Na namba iandikwe kama wengi wao wanavyofanya tayari: kiasi cha dola kwa thamani yake ya franka siku ya kulipa. Anayelipwa baada ya miaka mitatu kwa franka za siku ya hukumu amelipwa nusu.

Kuhusu waliobaki na ulemavu nitasema machache, lakini msiyapite. Kwao karatasi kubwa ni ile ya daktari, yenye kuonyesha kiwango cha ulemavu kwa asilimia. "Amevunjika mguu" haitoshi. Mguu uliovunjika wa karani na mguu uliovunjika wa fundi wa ujenzi si hasara moja, na hilo avoka alisema kwa mdomo na kwa maandishi. Tena muda ni mfupi: kosa la kuumiza bila kukusudia, kwa kuwa kifungo chake hakipiti mwaka 1, mashitaka ya jinai yanakufa baada ya mwaka 1. La kuua linakaa miaka 3. Wengi wanasubiri mgonjwa apone kwanza, mwaka unapita, parke inawaambia wamechelewa. Njia ya kiraia inabaki wazi kwa muda mrefu zaidi, lakini hapo unalipia mwenyewe kila hatua.

Jambo lingine ambalo halipendezi kusema: pesa ya fidia inagombanisha familia. Mume amekufa, mke aliolewa kwa mahari tu, ndoa haikuandikishwa kwa burgmestri. Siku ya kilio wote wanamwita mke wetu. Siku ya fidia baba mdogo anatokea na karatasi ya baraza la familia, yeye ndiye mwakilishi, na mama wa watoto hana hata nafasi ya kukaa. Avoka wa asiransi naye anashangilia, anauliza: huyu mama ni nani, anaonyesha nini? Waandikisheni ndoa zenu mkiwa hai, sheria ya familia inataka hivyo tangu 1987. Waandikisheni na watoto.

Lakini hakimu ana sehemu yake hapa pia. Hukumu inayosema "familia ya marehemu ilipwe dola kadhaa" inampa baba mdogo ufunguo. Hasara ni ya kila mtu kwa jina lake: mtoto huyu, miaka yake hii, kiasi hiki; mama huyu, kiasi hiki; wazazi wa marehemu, kiasi hiki. Ikiandikwa hivyo, mjomba akija benki au kwa asiransi atakuta jina lake halimo, au limo kwa sehemu yake tu. Haimgharimu hakimu chochote zaidi ya mistari mitano ya wino.

Na kabla ya mahakama kuna ile meza ya rulaje. Hapo ndipo kesi nyingi zinazikwa siku moja na marehemu. Mwenye gari anafika na watu wake, wanaleta sanduku, wanaleta mifuko ya bunga na mafuta, wanaweka kitu ndani ya bahasha. Mzee wa familia, ambaye hajala tangu jana, anapewa kalamu. Karatasi inasema familia imepokea na haidai tena. Unasikia watu wanasema, "Balitulipia sanduku, mambo imekwisha." Msaada wa mazishi upokeeni, hakuna ubaya, na ni utu. Lakini iandikwe wazi kwamba ni msaada wa mazishi, na kwamba fidia inabaki. Ile karatasi nyingine, ya kutodai tena, asiransi itaitoa mbele ya hakimu mwaka mzima baadaye, na mzee atasema hakujua kusoma Kifaransa. Polisi anayeandikisha karatasi kama hiyo siku ya kilio, huku akijua, anafaa kuulizwa na wakubwa wake.

Tukirudi mahakamani: hukumu ikisha kusomwa, bado pesa haijafika. Kuna droit proportionnel, sehemu fulani ya kile ulichopewa, ambayo serikali inaitaka kabla ya kukupa ile nakala ya kukuwezesha kumtuma wisye akakamate. Yaani mjane alipe kwanza ili alipwe. Asiye na uwezo anaweza kuomba cheti cha umaskini ili aondolewe gharama, na inafaa kukiomba mapema, si siku ile. Mimi naona kodi hii haikupaswa kumgusa yatima wa ajali hata kidogo. Ingekatwa kwa asiransi baada ya malipo. Wabunge wetu wa Haut-Katanga na Lualaba wanapita barabara ile ile ya Likasi kila wakija kuomba kura, wanaona misalaba pembeni. Swali hili wanaweza kulipeleka Kinshasa.

Wakati wanafikiri, familia zenye kesi zishike hili moja: rufaa katika jinai ni siku 10 tangu hukumu kutamkwa mbele yenu. Siku hiyo msitoke kabla ya kumuuliza grefye tarehe na namba ya kesi, mkaiandika. Mwombeni avoka awasomee ile sehemu ya fidia polepole, kwa Kiswahili. Kama hamkusikia hesabu ndani yake, mwambieni rufaa ianzie hapo.